Kiwanda kinaweza kuruka msimu, mkulima wa Mamba hawezi

Katavi ina mazao mawili makubwa yanayoingiza fedha kwa njia tofauti kabisa. Upande wa Mishamo, Katumba na Nsimbo ni tumbaku. Upande wa bonde la Rukwa, kule Mamba, Majimoto na Kasansa, ni mpunga.

Tumbaku inanunuliwa kwa bei ya dola, kwa mkataba, na kampuni zinazouza kwenye viwanda vya mabara tofauti. Mpunga wa Mamba unanunuliwa na mtu mwenye fuso, mzani wa kuning'iniza na fedha taslimu.

Kila anapopita mwanasiasa, Mamba inaahidiwa kitu kile kile: kiwanda, mashine za kisasa, mnunuzi wa uhakika. Ni ahadi tamu. Lakini wenzetu wa tumbaku, mkoa huu huu, wamekuwa na mnunuzi wa uhakika kwa miongo. Yaliyowapata yanafaa kusomwa vizuri kabla Mamba haijapiga vigelegele.

Wenye viwanda wanafanya nini sasa

Tangu Korona ya mwaka 2020, kampuni kubwa za dunia zimekuwa zikijipanga upya. Machi 2021 meli ya Ever Given ilikwama kwenye mfereji wa Suez kwa siku sita na kufunga njia ya mizigo. Mwishoni mwa 2023 mashambulizi ya Bahari Nyekundu yakazilazimisha meli nyingi kuzunguka Afrika Kusini.

Funzo waliloondoka nalo wenye viwanda ni mambo matatu. Kwanza, punguza viwanda, bakiza vichache vikubwa, jaza mashine. Pili, nunua malighafi na vipuri karibu na kiwanda kadiri inavyowezekana. Tatu, usitegemee chanzo kimoja. Ukikosa hapa, chukua kule.

Kwa mwenye kiwanda, hiyo ni akili ya kawaida ya biashara. Kwa mtu anayeuza malighafi, jambo la tatu ndilo la kuogopa. Maana "chanzo kimoja" kinachokwepwa ni yeye.

Kutoka Ballymena hadi Barabara ya Nyerere

Tuchukue sigara, kwa sababu inaigusa Katavi moja kwa moja.

Kampuni ya Sigara Tanzania, TCC, yenye kiwanda Barabara ya Nyerere jijini Dar es Salaam, ilianza mwaka 1961. Ikataifishwa miaka ya 70, ikabinafsishwa miaka ya 90, na tangu 1999 mmiliki wake mkubwa ni Japan Tobacco International, JTI, yenye asilimia 75 ya hisa. Hisa nyingine zinauzwa Soko la Hisa la Dar es Salaam.

JTI hiyo hiyo mwaka 2007 ilinunua kampuni ya Gallaher, iliyokuwa na kiwanda karibu na mji wa Ballymena, Ireland ya Kaskazini. Gallaher ilianza mwaka 1857. Wafanyakazi wake walikuwa na ujuzi, umeme haukatiki, barabara ni za lami hadi getini.

Oktoba 2014 wakatangaziwa kwamba kiwanda kitafungwa na uzalishaji utahamia Poland na Romania. Mwaka 2017 kikafungwa. Zaidi ya watu 800 walipoteza kazi.

Kilichowezesha uamuzi huo ni mashine. Miaka ya 1880, mashine ya kwanza ya kuviringisha sigara iliyofanikiwa kibiashara, ya Mmarekani James Bonsack, ilitoa kama sigara 200 kwa dakika. Mashine za leo zenye kasi kubwa zinatoa hadi 20,000 kwa dakika. Hizo ni pakiti 1,000 za sigara ishirini ishirini, kabla hujamaliza kunywa kikombe cha chai. Mashine ikiwa na kasi hiyo, viwanda kumi havina kazi. Vitatu vinatosha.

Na soko lenyewe linapungua. Kwa takwimu za Shirika la Afya Duniani, mwaka 2000 mtu mzima mmoja kati ya watatu alitumia tumbaku. Mwaka 2022 alikuwa mmoja kati ya watano. Kwa afya ya watu hiyo ni habari njema. Kwa mwenye bani la kukaushia tumbaku Mishamo ni onyo.

Jani la Katavi lina wapinzani

Wengi hudhani kiwanda cha sigara kinalihitaji jani la Tanzania kama ugali unavyohitaji unga. Sivyo kinavyofanya kazi.

Sigara ni mchanganyiko. Ndani ya sigara moja kunaweza kuwa na jani la Tanzania, la Zimbabwe, la Malawi, la Brazil na la India. Mchanganyaji kiwandani anaweza kupunguza la nchi moja na kuongeza la nyingine bila mvutaji kugundua. Na wapinzani wapo wa kutosha: Zimbabwe peke yake mwaka 2023 ilivuka kilo milioni 290.

Kuna jingine. Jani likishatoka Katavi hupelekwa Morogoro, linalainishwa kwa mvuke, linatenganishwa na uti wake, linakaushwa upya na kufungashwa kwenye maboksi. Likiwa hivyo linakaa ghalani mwaka, hata miaka miwili, bila kuharibika. Tena ladha inakuwa nzuri zaidi.

Hapo ndipo nguvu ilipo. Kiwanda chenye ghala la jani la miaka miwili kinaweza kuruka msimu mmoja wa ununuzi na sigara zikaendelea kutoka. Mkulima hawezi kuruka msimu. Ada ya shule hairuki. Deni la pembejeo halisubiri.

Mwaka 2018 hofu hiyo ikawa kweli. Kampuni ya TLTC, tawi la Universal ya Marekani na mmoja wa wanunuzi wakubwa kabisa wa tumbaku nchini, ilianza kufunga shughuli zake. Kiwanda cha kuchakata cha Morogoro kikasimama. Vyama vya msingi vilivyokuwa na makisio kwa mnunuzi huyo vikabaki vinatafuta nani atanunua mzigo. Uzalishaji wa nchi ukashuka katika misimu iliyofuata.

Baadaye mambo yalibadilika. Wanunuzi wengine waliingia, ikiwamo kampuni ya Kitanzania ya Mkwawa Leaf Tobacco, iliyokifufua kiwanda cha Morogoro. Rais Samia Suluhu Hassan akakizindua Agosti 2024. Msimu wa 2022/23 nchi ilivuka tani 120,000. Kwa hiyo tumbaku haikufa. Ila waliouza mabati ya nyumba katikati ya miaka ile hawakurudishiwa na takwimu hizo.

Tuwe wakweli pia kwa upande wa pili. Mkataba wa tumbaku una faida. Mkulima anapata mbolea bila fedha mkononi, anajua madaraja na bei kabla ya kupanda, na AMCOS inamkopea benki. Mkulima wa mpunga wa Mamba hana chochote kati ya hivyo. Tatizo la mkataba ni pale mlango wa kutokea unapokuwa mmoja, na ufunguo wake uko kwa mnunuzi.

Mamba: wanunuzi wengi, bei ya mavuno

Sasa turudi bondeni.

Mpunga hauna shida ya mnunuzi mmoja. Ukivunwa, mafuso yanakuja. Anayetoka Mpanda yupo, anayetoka Tabora yupo, wa Kahama na Mwanza wapo. Mchele una walaji kila nyumba, na hakuna kampuni inayoweza kuamka asubuhi na kuifunga biashara hiyo yote.

Hiyo ni bahati kubwa ambayo watu wa Mamba hawaihesabu.

Shida yao ni nyingine: kila mtu anauza wakati mmoja. Mavuno yanaingia, madeni ya dukani yanadai, watoto wanarudi shule, harusi zimepangwa. Gunia linatoka nyumbani kwa bei ya mavuno, mara nyingine limejazwa lumbesa. Miezi sita baadaye familia hiyo hiyo inanunua mchele kwa kilo dukani.

Anayeununua mpunga ule ana kitu ambacho kiwanda cha sigara kinacho na mkulima hana: ghala na uwezo wa kusubiri. Sheria ni ile ile, ukubwa tu ndio tofauti.

Hesabu ya mashine

Wanaosema Mamba inahitaji mashine bora hawajakosea. Tupige hesabu, kwa bei za mfano tu.

Gunia la kilo 100 za mpunga likipita kwenye mashine ya zamani, isiyotenganisha maganda taratibu, tuseme linatoa kilo 60 za mchele wenye chenga nyingi. Ukiuza kilo Sh2,000, unapata Sh120,000.

Gunia hilo likipita kwenye mtambo wa kisasa wenye rola za mpira, unaochambua mawe, kutenga chenga na kupanga kwa rangi, linaweza kutoa kilo 65. Mchele huo uliopangwa madaraja ukiuzwa Sh2,300, unapata Sh149,500.

Tofauti ni Sh29,500 kwa gunia. Mkulima wa gunia 60 anaongeza Sh1,770,000, kabla ya kutoa gharama ya kukoboa. Hiyo ni ada, ni bati, ni ng'ombe wa kulimia.

Bado hatujagusa pumba laini, zinazotakiwa na wafugaji wa kuku na nguruwe, wala maganda, yanayoweza kuwa mkaa mbadala au kuni za kuchomea tofali. Mpunga ukisafiri na maganda yake hadi Kahama, mkulima analipia nauli ya takataka na kumpa mwingine chakula cha kuku bure.

Lakini mashine inakula

Hapa ndipo ahadi nyingi za kiwanda huanguka. Mtambo wa kisasa hauna faida ukiwa umekaa. Unadai mzigo.

Chukua mtambo wa kati wa tani mbili kwa saa. Ukifanya kazi saa kumi, unamaliza tani 20, yaani magunia 200 kwa siku. Wakulima 400 wenye gunia 60 kila mmoja wana magunia 24,000. Mtambo unayamaliza kwa siku 120.

Maana yake, hata wakulima wote 400 wakipeleka mpunga wao wote, mtambo utafanya kazi miezi minne na kulala minane. Mkopo wa benki haulali. Na kama nusu ya mpunga imeshauzwa shambani mwezi wa kwanza wa mavuno, mtambo utafanya kazi miezi miwili.

Basi mwenye mtambo atafanya nini? Atanunua mpunga kwa wingi na kuuweka kwenye ghala lake. Mkulima atakuwa amepata dalali mwenye kiwanda. Bei ya mavuno itabaki bei ya mavuno.

Ndiyo maana ghala linatakiwa kutangulia mashine. Ghala la AMCOS, mzani unaoaminika, na mkopo mdogo unaomwezesha mkulima kulipa ada huku mpunga wake ukisubiri. Mfumo wa stakabadhi ghalani unafahamika nchini kwa korosho, na umesambaa kwenye ufuta na mbaazi. Wakulima wengi hawaupendi kwa sababu moja inayoeleweka: malipo yakichelewa hata wiki mbili, mwenye njaa anarudi kwa mwenye fedha taslimu. Usipolitatua hilo, mengine yote ni semina.

Mashine bila spea ni sanamu

Tanzania imeshapata somo la bei ghali kuhusu mashine zinazotoka mbali. Kwa mkopo wa Poland, trekta za URSUS zililetwa zikiwa vipande na kuunganishwa TAMCO, Kibaha, chini ya Shirika la Taifa la Maendeleo, NDC. Wazo lilikuwa zuri: teknolojia ya nje, kazi ya nyumbani, bei ya kumfikia mkulima.

Malalamiko ya ubovu na ya vipuri yalifika hadi bungeni. Na mtengenezaji mwenyewe, URSUS S.A., alitangazwa kufilisika mwaka 2021. Mkulima alibaki na deni la trekta ambayo kiwanda mama kimeanguka.

Kuunganisha vipande siyo sawa na kuwa na mnyororo wa nyumbani. Mnyororo wa nyumbani ni fundi anayejua kufungua rola na kurudisha, duka la Mpanda lenye mikanda na chekeche za mashine hiyo, kijana wa VETA aliyefundishwa umeme wa viwandani. Kabla halmashauri au AMCOS haijasaini kununua mtambo, swali la kwanza lisiwe bei. Liwe: rola ikiisha Julai, katikati ya msimu, mpya inatoka wapi na inafika baada ya siku ngapi?

Maamuzi ya mbali yanafika hata kwenye mchele

Asijidanganye mtu kwamba mchele uko salama na dunia. Jumuiya ya Afrika Mashariki ina ushuru wa pamoja wa asilimia 75 kwa mchele unaotoka nje ya jumuiya. Ukuta huo ndio unaoupa mchele wetu nafasi kwa majirani. Lakini nchi huomba kuulegeza, na Kenya kwa muda mrefu imetoza asilimia 35.

Julai 2025 Kenya ilikwenda mbali zaidi, ikatangaza kuruhusu tani 500,000 za mchele kuingia bila ushuru. Wakulima wa Mwea wakapinga, suala likafika Mahakama Kuu ya Kerugoya, ambayo iliusimamisha mpango huo kwa muda.

Mkulima wa Mamba hakuwa na wakili Kerugoya. Lakini bei ya soko la jirani inashuka na kupanda kwa maamuzi kama hayo, na mwenye ghala pekee ndiye anayeweza kusubiri wimbi lipite.

Reli ilibaki

Katavi ina kumbukumbu moja inayofaa hapa. Reli ya Kaliua hadi Mpanda, kilomita 210, ilijengwa na wakoloni mwishoni mwa miaka ya 40 kwa ajili ya mgodi mmoja, wa madini ya risasi, pale Mukwamba. Mnunuzi mmoja, zao moja. Karibu mwaka 1960 mgodi ukafungwa.

Reli haikufungwa. Ikabeba watu, mahindi na tumbaku, kwa sababu reli haichagui mzigo.

Leo mkoa una vitu vingine vya aina hiyo. Umeme wa Gridi ya Taifa umefika Mpanda kupitia laini ya kilovolti 132 kutoka Tabora, baada ya miaka mingi ya jenereta za dizeli. Lami ya Tabora hadi Mpanda ipo. Bandari ya Karema imejengwa, na ng'ambo ya Ziwa Tanganyika kuna walaji wa Kongo. Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula, NFRA, umejengewa vihenge na maghala Mpanda.

Vyote hivyo vina sifa moja: mnunuzi akiondoka, vinabaki na kumhudumia mwingine. Fedha ya umma ikiwekwa huko haipotei hata kama kampuni fulani itaamua kuhamia nchi nyingine.

Cha kudai

Kwa hiyo akija mtu Mamba na habari ya kiwanda, asifukuzwe. Aulizwe maswali manne.

Ghala ni la nani? Likiwa la mwekezaji peke yake, bei ni yake.

Mkulima anaruhusiwa kukoboa na kuondoka na mchele wake, au analazimika kumuuzia mwenye mtambo? Kukoboa kwa kulipia kunamwachia mkulima mlango wa pili.

Spea na fundi vinatoka wapi? Jibu la "tutawasiliana na kiwanda" si jibu.

Na ukitokea msimu mmoja mtambo haununui, kipi kinabaki kijijini? Kama kinachobaki ni umeme, barabara, ghala na vijana wenye ufundi, Mamba itakuwa imefaidika hata akiondoka. Kama kinachobaki ni banda lenye kufuli na deni la AMCOS, wenzetu wa tumbaku wanaijua hadithi hiyo, tena hawakuisoma gazetini.